Mzee Aliyeigiza kwa Jina Lake

Kwenye ubao wa kibanda umiza, kile cha kuonyeshea video mtaani, kwa chaki nyeupe, palikuwa pameandikwa: VITA YA BURMA, SAA KUMI. Nilitoa shilingi hamsini yangu kwa sababu ya neno moja tu pale ubaoni. Nyumbani kwetu Tabora, Burma haikuwa nchi. Ilikuwa kikohozi cha babu mzaa mama. Mvua zikianza, kifua kikimbana usiku, bibi aligeukia ukutani na kusema, "Bama hiyo imeamka," kisha akaendelea kulala.

Kibandani tulibanana kama dagaa kwenye gunia. Wengi walikuja kuona mabomu, na jitu moja lenye kitambaa kichwani likimaliza kambi nzima peke yake. Badala yake likaja picha la mama mmoja wa Kizungu, daktari, mwenye huzuni zake, anatembezwa kwenye mahekalu. Dakika kumi zikapita, ishirini, hakuna aliyepigwa hata kofi. "Steringi yuko wapi?" mtu akauliza kutoka nyuma. Mtafsiri, kijana aliyekuwa akikaa kando ya televisheni na kipaza sauti chake kilichofungwa kwa raba, akajibu kwa ujasiri wa mtu ambaye hela zimeshaingia mfukoni: "Steringi ndiye huyu sista." Watu wakaguna. Kwa wale ambao hawakulelewa na vibanda, steringi ndiye mwenye picha, na sheria yake inajulikana hata kwa mtoto wa darasa la pili: steringi hafi.

Ndipo akatokea mzee. Mtu mzima, mpole, mwenye gari kuukuu, anazungumza Kiingereza cha taratibu kama anayehesabu punje za mchele. Kila alipofungua mdomo, mtafsiri wetu alikwama. Kiingereza cha kwenye picha za ngumi alikimudu vizuri, "nitakuua", "toka hapa", "bosi amekasirika", lakini cha yule mzee kilimshinda. Akabuni njia. Mzee akianza kusema, yeye anasema kwenye kipaza sauti: "Hapa mzee anafundisha, tusubiri." Tukasubiri. Nusu ya kibanda ikatoka kudai hela zake. Mimi nilibaki, na picha ilipoisha, majina yalipoanza kupanda, mwenye kibanda akazima televisheni kama ilivyo desturi yao, ili waingie wa saa kumi na mbili.

Miaka ilipita kabla sijajua nilichokiona. Filamu inaitwa Beyond Rangoon, ya mwaka 1995, mwongozaji John Boorman. Yule daktari ni Patricia Arquette, anayeigiza kama Laura, Mmarekani aliyeuliwa mume na mtoto, akaletwa na dada yake Burma kupoza moyo. Anafika Agosti 1988, wakati nchi inawaka. Anapoteza pasipoti, wenzake wanaondoka, yeye anabaki. Mzee ni profesa aliyepoteza kazi kwa sababu ya siasa, sasa anatembeza wageni bila kibali. Anamchukua Laura nje ya mji, mahali ambapo mgeni hakuruhusiwa kufika. Wanakutana na wanafunzi wake wa zamani, kisha na jeshi. Mzee anapigwa risasi. Daktari, aliyekuwa ameapa kutogusa tena mgonjwa, anamtoa risasi mwilini wakiwa juu ya chelezo cha mianzi katikati ya mto.

Jina la mhusika huyo ni Aung Ko. Jina la mwigizaji ni U Aung Ko.

Mara ya kwanza niliposoma hivyo nilidhani ni makosa ya aliyeandika. Si makosa. Alikuwa Mburma aliyekuwa akiishi Ufaransa, mbali na kwao, na alipopewa kumwigiza msomi anayesakwa na jeshi la nchi yake, mhusika akapewa jina lake mwenyewe. Nimelizungusha jambo hili kichwani kwa miaka, na bado naliona kuwa ndilo tendo zito kuliko yote katika filamu ile, zito kuliko risasi na milipuko ya mpakani.

Lakini kwanza niseme kidogo juu ya majina yao, maana utamu uko hapo. Waburma hawana jina la ukoo. Baba anaweza kuitwa hivi, mama vile, na watoto wanne kila mmoja na lake, hakuna uzi wa kuwaunganisha. Herufi ya kwanza kwa desturi hufuata siku uliyozaliwa, na hapo mtu wa pwani yetu hawezi kushangaa, sisi wenye akina Juma na Hamisi kila mtaa. Majina ya kuanza na irabu, kama Aung, ni ya Jumapili. Aung maana yake ni ushindi. Ile "U" ya mbele si jina kabisa. Ni heshima, kwa asili ikiwa na maana ya mjomba, kama sisi tunavyosema Mzee fulani. Mwanamke mtu mzima huitwa Daw, kwa asili shangazi. Wazee wetu waliosikiliza redio miaka ya Kongo walimfahamu U Thant, Katibu Mkuu wa Umoja wa Mataifa kutoka 1961 hadi 1971, wakadhani U ni kifupi cha jina fulani refu. Kumbe mtu wa watu alikuwa akiitwa Mzee Thant, basi. Na mwalimu kwao ni Saya, neno linalobaki kwenye jina la mtu hata akishaacha kufundisha. Mtanzania haelezwi hilo mara mbili.

Kwa hiyo mtafsiri wetu wa kibandani, bila kujua Kiburma hata chembe, alimpatia. Mzee anafundisha. U, na Saya, kwa pumzi moja.

Sasa tazama uzito wa jina. Burma ya wakati ule ilitawaliwa na jeshi tangu Jenerali Ne Win alipopindua serikali mwaka 1962. Tarehe 23 Julai 1988, akiaga uongozi wa chama, Ne Win aliwaonya wananchi kwamba jeshi lake likifyatua risasi halifyatui hewani kutisha watu, linalenga. Siku 16 baadaye, tarehe nane ya mwezi wa nane mwaka wa themanini na nane, wanafunzi, watawa wa Kibudha, makuli wa bandarini, hata watumishi wa serikali walijaa barabarani. Jeshi likalenga, kama lilivyoahidi. Waliokufa wanakadiriwa kwa maelfu. Septemba 18 wakatwaa madaraka upya chini ya baraza jipya la kijeshi, na mwaka uliofuata wakabadili hata jina la nchi kuwa Myanmar na Rangoon kuwa Yangon.

Chini ya watu wa namna hiyo, jina ni mshipi ambao ndoano yake inawanasa na wengine. Mwenye jina akiwa Paris, ndugu zake wako Mandalay. Mtu aliye uhamishoni ana kila sababu ya kuomba aandikwe kwa jina la bandia, na hakuna ambaye angemlaumu. Aung Ko akafanya kinyume, akaliweka jina lake mara mbili.

Filamu haikupigwa Burma, bila shaka. Ilipigwa Malaysia. Aung San Suu Kyi, mama aliyeongoza waliodai demokrasia, mle ndani ni Adelle Lutz, Mmarekani. Miaka 16 baadaye Luc Besson alipotengeneza filamu ya maisha ya mama huyo, The Lady, akaipiga zaidi Thailand na kumchukua Michelle Yeoh wa Malaysia, aliyekaa miezi kujifunza Kiburma. Juni 2011, filamu ikiwa bado haijatoka, Yeoh alitua Yangon, wakamrudisha na ndege iliyofuata. Mwanamke wa nchi nyingine, aliyeigiza tu, alifungiwa mlango. Hapo ndipo unapima aliyoyafanya mwenye nchi yake.

Mwaka 2021, wiki chache baada ya mapinduzi mapya ya Myanmar, niliitafuta tena filamu ile na kuitazama usiku kwenye kompyuta, peke yangu, bila mtafsiri. Niliogopa itakuwa imeoza. Sehemu imeoza kweli. Steringi bado ni sista, kama tulivyoambiwa. Watu wanaanguka kando yake kama mahindi, na kamera inarudi kila mara kuangalia uso wake umeumia kiasi gani. Kijana wa Kiburma anauawa, naye anapewa dakika ya kumlilia. Mkasa huu tunaujua kwa kuonjeshwa. Kila filamu kubwa inayokuja kupigwa huku kwetu huja na Mzungu wake kwenye mzigo, na sisi tunakuwa mandhari na vilio.

Hata historia imesogezwa ili impitie yeye. Mandhari maarufu zaidi ya filamu ni usiku ambapo Suu Kyi anatembea kuelekea mstari wa askari walionyoosha bunduki, polepole, mpaka anapita katikati yao, na Laura anashuhudia kutoka pembeni. Jambo hilo lilitokea kweli, lakini si Rangoon na si 1988. Lilitokea Aprili 5, 1989, katika mji mdogo wa Danubyu kwenye delta ya Irrawaddy. Kapteni alikuwa ameshaamuru wajiandae kufyatua, yeye akawaambia wenzake wakae kando ya barabara, akasonga mbele, na meja mmoja akaingilia kati na kuzuia. Hapakuwa na mtalii.

Ila kila mzee anapoongea, picha inabadilika. Sijui kama ni kipaji cha Boorman au ni uso wa yule mtu. Kuna mahali Laura anasema alilelewa kuamini kwamba ukiwa mwema na mchapakazi, furaha ni haki yako. Mzee anamjibu kwamba wao walifundishwa kuwa taabu ndiyo ahadi pekee ambayo maisha huitimiza daima, kwa hiyo furaha ikija wanajua ni zawadi, na haikai. Anasema hivyo bila kutia chumvi, kama mtu anayekuelekeza njia ya sokoni. Babu angemwelewa, ingawa babu angeongeza kwamba hiyo furaha nayo mgeni siku mbili, ya tatu ipewe jembe. Haya ndiyo maneno niliyofichwa kibandani nyuma ya "tusubiri". Nilicheka peke yangu saa saba usiku. Kazi yote ya Aung Ko katika filamu ile ni ya ukalimani, kumfafanulia mgeni nchi, na sisi tulikuwa tumemwekea mkalimani wa pili aliyekimbia zamu.

Nikaona pia jambo ambalo akili ya utoto haikulinasa. Wakati Laura anapaswa kuonekana anaumia, Arquette anaigiza, na anaigiza kwa bidii. Wakati mzee anatazama wanafunzi, haonekani kufanya lolote. Mikono imetulia magotini. Mtu aliyefukuzwa kwao hana haja ya kuelezwa na mwongozaji jinsi ya kumtazama kijana anayeweza kuuawa kesho. Waigizaji wetu wa maigizo ya runinga, wanaolia mpaka makamasi, wangefaa kumtazama dakika tano tu.

Filamu ilionyeshwa Mei 1995 kwenye mashindano ya tamasha la filamu la Cannes, Ufaransa. Julai 10 mwaka huo huo, Suu Kyi akaachiwa kutoka kifungo cha nyumbani alichokaa tangu Julai 1989. Wako wanaopenda kusema filamu ndiyo iliyofungua lango. Mimi siamini majenerali huenda sinema. Lakini watu wa Ulaya walioingia kuangalia picha walitoka wakijua nchi hiyo iko wapi, na hilo si dogo.

Na yeye Suu Kyi? Hapa ndipo filamu inakuwa ngumu kuitazama. Yule anayepita katikati ya bunduki akiwa ametulia kama maji ya mtungini, Desemba 2019 alisimama The Hague, mbele ya Mahakama ya Kimataifa ya Haki, kuitetea Myanmar juu ya Warohingya, Waislamu wachache wa nchi hiyo, ambao zaidi ya 700,000 walikimbilia Bangladesh kuanzia Agosti 2017, vijiji vyao vikiwa vimechomwa na jeshi lile lile. Iliyoishtaki Myanmar ni nchi ndogo ya Afrika, Gambia, na waziri wake wa sheria, Abubacarr Tambadou, alikuwa amefanya kazi Arusha kwenye mahakama ya mauaji ya kimbari ya Rwanda. Alizuru kambi za wakimbizi kule Bangladesh, akasikiliza, akatambua alichokuwa akikisikia. Yale ya Arusha, ambayo wengi wetu tuliyaona kama magari meupe na kodi za nyumba kupanda, yalikuwa yamemfunza mtu masikio.

Kwa hiyo filamu ilichagua steringi wawili, Mmarekani na mama wa taifa, na wote wawili muda umewachuja. Mmoja amebaki kuwa mtalii. Mwingine, mnajua. Aliyebaki mzima ni dereva.

Mapinduzi ya Februari 1, 2021 yaliwageukia waigizaji mapema. Mwezi wa Aprili taarifa ya habari ya usiku ya televisheni ya serikali ilikuwa ikisoma majina ya wasanii wanaotafutwa, picha zao za kupendeza, zile za kurasa zao wenyewe, zikipangwa kwenye skrini kama matokeo ya mtihani. Kosa ni kifungu cha 505(a), kuchochea watumishi wa serikali na jeshi. Mume na mke waigizaji mashuhuri, Pyay Ti Oo na Eaindra Kyaw Zin, wakakamatwa. Paing Takhon, kijana mwanamitindo na mwigizaji mwenye wafuasi wengi mtandaoni, akachukuliwa nyumbani kwao akiwa mgonjwa, na mwisho wa mwaka akahukumiwa miaka mitatu. Fikiria familia inakula wali jioni, televisheni iko wazi, na mtu anayewachekesha kila Jumamosi anasomwa kama mhalifu. Unajikuta unasikiliza ukiomba jina lisifike kwenye herufi fulani.

Februari 2022, kwenye tamasha la filamu la Berlin, zawadi ya filamu ya hali halisi ilikwenda kwa Myanmar Diaries, iliyotengenezwa na waongozaji kumi vijana wa Kiburma. Hakuna hata mmoja aliyetajwa. Kazi yote imesainiwa kama kundi. Wanaoigiza vipande vyake, mara nyingi unawaona kwa mgongo, kwa mikono, kwa kivuli cha pazia. Kuna visogo ambavyo sasa nadhani naweza kuvitambua mtaani. Kutoka mtu mmoja aliyeandika jina mara mbili, mpaka watu kumi wasioliandika hata mara moja, ni miaka 27. Siwezi kusema yule mmoja ni jasiri kuliko hawa kumi. Aung Ko alikuwa Ufaransa. Wale kumi walipiga picha zao wakiwa ndani, ving'ora vikipita nje.

Turudi kwa babu, maana ndiye aliyenipeleka kibandani. Alikwenda Burma na Divisheni ya 11 ya Afrika Mashariki, wenye alama ya kichwa cha kifaru begani, askari wa Kenya, Uganda, Tanganyika na Nyasaland wakiamrishana kwa Kiswahili. Mwaka 1944, masika yakiwa yamefurika, waliwafukuza Wajapani kwenye bonde la Kabaw, ambalo Waingereza waliliita Bonde la Mauti, si kwa risasi tu bali kwa malaria na kuhara, na Desemba wakafika Kalewa na kuvuka mto Chindwin. Alikuwa akisema matope ya kule yanakula kiatu na kuacha kamba. Tulipokuwa wadogo tulicheka tukidhani ni chumvi. Kambi ya jeshi hapo Tabora iliitwa Kalewa, na babu alipita mbele yake kwa baiskeli miaka mingi akienda kuuza tumbaku bila kusema neno.

Alipopewa karatasi ya kuachishwa jeshi, karani aliandika jina lake jinsi alivyolisikia, herufi mbili zikageuka. Babu hakujua kusoma, akaipokea. Alipokuja kufuatilia haki zake miaka ya baadaye, akaambiwa kwamba mtu mwenye jina lake hakupigana popote, na mtu mwenye jina la kwenye karatasi hawamjui. Alikwenda mara tatu, mara ya nne hakwenda. Karatasi ile ilikaa kwenye kopo la maziwa ya unga juu ya kabati, na tangu siku hiyo, ukitaka kumtania babu na kulipiwa kwa bakora, ulimwita kwa jina la kwenye kopo.

Usiku ule wa 2021 filamu ilipofika mwisho, wakimbizi wamevuka mpaka wa Thailand na daktari ameanza kufunga vidonda, mkono wangu ulikwenda wenyewe kuzima, mazoea ya kibanda. Nikaurudisha. Sikuwahi kuyaona majina ya filamu hii. Yakaanza kupanda, meupe juu ya giza, wahusika upande mmoja, waigizaji upande mwingine. Laura, Patricia Arquette. Nikasimamisha kidogo chini yake. Jina la kushoto na jina la kulia ni lile lile, herufi zote mahali pake, na mbele ya moja wameweka ile U.

Nikaacha yaendelee mpaka chini kabisa, hata madereva.